Kipande Ulichoomba Kikatwe

Kwako Shangazi,

Shikamoo. Nakusalimu wewe na wote mnaolala chini ya paa moja, na nauliza hali ya goti lako, maana nimesikia siku hizi hushuki ngazi bila kushikwa mkono. Pole sana. Huku kwetu tuliobaki hatujambo. Mume wangu yuko kazini, wanangu wanasoma, na cherehani yangu bado inatulisha. Baba tulimzika wiki tatu zilizopita. Najua habari ulizipata, kwa sababu nilizituma mwenyewe, tena mara mbili, lakini naziandika hapa juu kwenye salamu ili asiwepo wa kusema hakuambiwa.

Mwanao mwenye duka la dawa alifika kwangu Jumamosi. Alinikuta nakata sare za shule, vitambaa vimejaa mezani hadi kwenye viti. Nikamwondolea kiti kimoja, akakataa kukaa. Nikampa chai, akainywa amesimama mlangoni kama mtu aliyekuja kusoma mita ya maji. Ndipo akanipa ujumbe wako huku akiangalia viatu vyake. Simlaumu. Ni mtu mwema, na jasho lilikuwa linamtoka.

Ujumbe wenyewe, kama alivyoueleza, ni huu. Siku ya kuipa shule jina la baba mkubwa, ile filamu ya habari ya ziara ya mfalme itaonyeshwa ukumbini mbele ya wageni. Ndani yake kuna kipande kinachomwonyesha baba akipunga bendera. Unaniomba mimi, kama mtoto wake, niende kwenye hifadhi ya filamu nikawaombe wakikate, ili siku ya baba mkubwa isitiwe doa. Mwanao akaongeza, kwa maneno yako, kwamba marehemu ameshapumzika na si vizuri kumwanika tena. Una huruma, Shangazi. Kwa zaidi ya miaka arobaini hukuwahi kumwonea huruma akiwa hai, umeanza alipokwisha kufukiwa.

Basi hili ndilo jibu langu, na ni refu. Nimeambiwa macho yako hayasomi tena maandishi ya mkono, kwa hiyo najua barua hii utasomewa, na atakayekusomea ni huyohuyo mwanao aliyeniletea ujumbe wako. Ndiyo maana nitaeleza hata yale unayoyajua vizuri, ili msomaji asipotee njiani. Binamu, kaa chini safari hii. Soma polepole na usiruke kitu.

Mfalme na malkia walikuja mjini kwetu kabla mimi sijazaliwa, wakati nchi ilikuwa bado mikononi mwao. Baba yangu alikuwa kijana wa miaka ishirini na mbili, fundi seremala asiye na karakana yake, anafanyia watu kazi. Baba mkubwa alimzidi kidogo, naye alikuwa mpanga herufi kwenye kiwanda cha uchapaji. Wewe, Shangazi, ulikuwa kitinda mimba. Baba yenu alikuwa amekwisha kufariki, na bibi aliwalea nyote watatu kwa kufua nguo za watu.

Asubuhi ya siku ya ziara, baba mkubwa na wenzake walikwenda darajani ambako msafara ungepita, wamebeba kitambaa kirefu kilichoandikwa kwa rangi nyekundu kwamba wenye nchi hawajamkaribisha mtu. Askari waliwafikia kabla hawajakikunjua chote. Baba mkubwa alipigwa kichwani, akapelekwa hospitali, akafa kabla ya saa sita mchana. Mfalme alipita alasiri, daraja limeshaoshwa. Hayo hayana ubishi wowote, na wa kwanza kumheshimu baba mkubwa kwa hayo ni mimi.

Baada ya wiki chache filamu ya ziara ikaletwa sinema. Siku zile, kabla ya picha yenyewe, watu walionyeshwa kwanza habari za dunia: vita, mpira, meli zinazozinduliwa. Safari hii habari zilikuwa zetu. Mfalme anashuka kwenye ndege. Mfalme anakagua gwaride. Gari la wazi linapita barabara kuu, na mfalme anapunga mkono wenye glavu nyeupe. Halafu unaonekana umati, na mbele ya umati, sura imejaa skrini nzima, kijana anacheka hadi magego yanaonekana, huku anatikisa bendera ndogo ya karatasi. Kipande chenyewe ni kifupi, hakimalizi hata pumzi moja. Lakini ukumbi mzima ulimtambua. Huyo si mdogo wake marehemu? Kaka mtu amekata roho, mdogo mtu anampungia mfalme.

Baba aliletewa habari hizo kazini, randa iko mkononi. Kesho yake akaenda kujiona. Alilipa kiingilio kama watu wengine, akakaa katikati yao, na sura yake ilipotokea watu wakazomea. Alizomewa kwenye skrini na kwenye kiti kwa wakati mmoja. Hakuingia sinema tena maisha yake yote.

Utetezi wake ulikuwa mmoja, na hakuubadilisha mpaka anakufa. Alisema siku ya ziara hata barabara kuu hakuikanyaga. Alishinda anamtafuta kaka yake kituo kimoja cha polisi baada ya kingine, hajui kwamba mwenzake yuko chumba cha maiti. Ile picha, alisema, ilipigwa jana yake, siku ya mazoezi. Malori ya manispaa yalipita yakizoa watu sokoni na kwenye karakana. Wakapangwa kando ya barabara, wakagawiwa bendera za karatasi. Mpiga picha alisimama juu ya lori na kamera yake ya miguu mitatu. Alitaka sura za watu mapema, kwa sababu siku yenyewe askari wasingemruhusu kuusogelea umati. Na kwa kuwa mfalme alikuwa bado hajafika, alitafutwa wa kukaa mahali pake. Karani wa kodi, mtu mnene aliyechukiwa na mji mzima kwa kufungia watu maduka, akapandishwa kwenye gari la wazi, akavishwa glavu nyeupe, akaambiwa apunge mkono. Hicho ndicho walichokuwa wanakicheka. Hapakuwa na mfalme wala malkia, palikuwa na karani tu anayegeuza shingo huku na huku na kuwapungia watu aliowafilisi.

Hayo baba aliyasema kwenye kikao cha ukoo, nyumbani kwa bibi, wazee na majirani wamejaa hadi uani. Akaulizwa alikuwa na nani siku hiyo ya mazoezi. Akanyamaza. Mzee mmoja akauliza kama kuna yeyote mle ndani aliyewahi kuyasikia mazoezi hayo. Kulikuwa na watu wazima pale ambao malori yale yaliwazoa wao wenyewe, na wote wakasahau kwa pamoja. Baada ya kifo kile hakuna aliyetaka kuwa amewahi kushika bendera ile, hata ya karatasi, hata kwa kulazimishwa. Wewe pia uliulizwa, Shangazi, kwa kuwa shule yako ilikuwa karibu na barabara kuu. Ulijibu kwamba hukuona kitu wala hukusikia kitu.

Tangu siku hiyo baba akaitwa Bendera. Nataka binamu ajue jina hilo lilivyokaa. Mtaani kwenu hakuna aliyempa kazi tena, hata ya kupigilia mguu wa stuli. Akahamia upande wa pili wa mji, akamwoa mama yangu kwa sababu alitoka mbali na hakuwa ameiona filamu. Nilipoanza shule, jina likanitangulia darasani. Mwalimu wa historia alipotufundisha habari za baba mkubwa aliniambia nisimame, kisha akaniambia nikae. Nadhani hakujua anisimamishe kwa lipi.

Bibi alipofariki nilikuwa na miaka tisa. Baba alichonga jeneza mwenyewe, kwa mbao nzuri alizokuwa amemwekea mama kwa ajili ya kabati, tukalipeleka kwa mkokoteni, yeye anavuta na mimi nasukuma. Ulitoka wewe getini. Ulimwambia jeneza limeshanunuliwa. Akakuomba basi awe mmoja wa wabebaji. Ukamwambia wabebaji wametosha. Tulisimama ng'ambo ya barabara mpaka msafara wa mazishi ukatoka, na niliona kwa macho yangu wabebaji wa mbele wanapokezana kwa kuchoka, hawana wa kuwasaidia. Tulirudi na mkokoteni wetu. Lile jeneza alilibomoa, akatengeneza kabati kama alivyokusudia mwanzo, na nguo zangu zilikaa humo mpaka nilipoolewa.

Nchi ilipopata kujitawala, baba mkubwa alipewa barabara, halafu sanamu, na sasa shule. Kila mwaka, siku ya kumbukumbu yake, wewe huketi mstari wa mbele na shada la maua mapajani, dada wa shujaa. Maua hayo sina ugomvi nayo, alistahili. Ila kila mwaka siku hiyo baba alikuwa anafunga karakana, anavaa shati lake jeupe, anakaa kwenye kiti chake bila kwenda popote. Jioni anavua shati, analikunja. Tulipokuwa wadogo tulidhani ni siku yake ya kupumzika.

Sasa nije kwenye filamu. Mwanzoni mwa mwaka huu redio ilitangaza kwamba hifadhi ya filamu inawatafuta wazee walioishuhudia ziara ile, waende wakatambue sura za watu, maana filamu inatayarishwa kwa ajili ya sherehe ya shule. Nilinyoosha mkono niizime redio, baba akanizuia. Alikuwa ameshaanza kukonda, kikohozi hakimwachi. Akasema anakwenda. Nikamuuliza anakwenda kutafuta nini tena kwenye kitu kilichomharibia maisha. Akaniambia anakwenda kumtafuta karani. Kama kamera ilikuwa pale, alisema, lazima ilimpiga na karani.

Hifadhi yenyewe iko ghorofa ya chini ya jengo la zamani la posta. Ni chumba kirefu, madirisha yamezibwa kwa kadibodi, makopo ya bati yamepangwa hadi darini, na harufu ya siki inakukaba koo. Mtunza filamu ni mama wa makamo mwenye koti jeupe. Alitueleza kwamba filamu ikizeeka ndivyo inavyonuka, tutazoea. Akamkalisha baba mbele ya meza yenye kioo kidogo na magurudumu mawili ya kuzungushia filamu, akaanza na ile filamu ya sinema, iliyokamilika. Ndege, gwaride, gari, glavu, kisha baba. Baba alijitazama bila kupepesa, akasema ndiye yeye, kama mtu anayejitaja kituo cha polisi.

Kisha yule mama akafungua kopo jingine. Alisema humo mna vipande vilivyoachwa na wakataji, kwa sababu watu wa filamu za habari walikuwa wanapiga nyingi na kutumia chache, na zilizobaki hazikutupwa. Akakipachika kipande kwenye magurudumu, akazungusha. Baba aliona kabla yangu. Akapiga meza kwa kiganja.

"Karani," alisema. "Karani huyo hapo!"

Alikuwa yeye kweli, Shangazi. Tumbo limevuta vifungo, glavu hazimwingii vizuri vidoleni, anapunga mkono kama anayefukuza nzi. Sikuwahi kumwona baba akicheka namna ile. Alinishika mkono akanitikisa. Akamwambia yule mama arudishe nyuma, halafu arudishe tena. Maisha yake yote aliitwa mwongo kwa ajili ya mtu huyo mnene, na mtu mwenyewe alikuwa amekaa ndani ya kopo muda wote, anasubiri mtu afungue kifuniko.

Mtunza filamu naye akasema jambo ambalo wakati ule sikulitilia uzito. Alisema kipande hiki hakina kiungo, hakikukatwa wala kuungwa popote. Kamera ilianza na gari, ikageuka taratibu hadi kwenye umati bila kuzimwa, kwa hiyo aliye garini na walio barabarani walikuwa pale saa ileile. Wakataji ndio waliochukua sura ya baba peke yake, wakaikuza hadi ikajaa skrini, wakaiunga na gari la mfalme lililopita kesho yake. Akaiacha filamu iendelee. Kamera ikageuka kutoka kwa karani kwenda kwa umati, na baba akaacha kucheka.

Pembeni mwa baba, bega kwa bega, amesimama baba mkubwa. Ana bendera ya karatasi mkononi, na anacheka kuliko baba. Sanamu yake ya mjini wameipa ndevu na uso wa hasira ambao hakuwa nao, ndiyo maana mtunza filamu hakumjua. Mimi nilimjua palepale, kwa sababu baba alibandika picha yake ndogo ndani ya kifuniko cha sanduku la zana, nami nimekua nikiiona. Mtu aliyekufa kabla ya saa sita mchana hasimami barabarani alasiri. Hilo peke yake lilitosha kumsafisha baba, hata karani asingekuwepo.

Mbele yao palikuwa na mtu wa tatu. Nitamfikia.

Mtunza filamu aliisimamisha filamu, akamuuliza baba kwa upole kama anawafahamu hao wawili waliosimama naye. Baba alikitazama kioo, uso umemkaa sawa kabisa.

"Siwafahamu," alisema. "Ni watu tu wa barabarani."

Nilifungua mdomo. Akanikanyaga mguu chini ya meza, kwa nguvu ambazo sikudhani bado anazo. Yule mama akasema basi, sura zisizo na majina hazitaonyeshwa, atatumia filamu ya sinema kama ilivyo. Baba akamshukuru, akachukua kofia yake, tukatoka.

Nje kuna benchi la saruji, na hapo nilimgombeza baba yangu mzazi mchana kweupe, watu wanapita. Sikujali. Nilimuuliza ana akili gani, mtu anayepewa jina lake mkononi na kulirudisha. Aliniacha nimalize, akakohoa, ndipo akanieleza. Baada ya mazishi ya baba mkubwa, bibi alikuwa hali wala halali. Kilichomwinua ni maneno ya waombolezaji, kwamba mwanawe alikufa bila kuigusa bendera ile hata kwa kidole. Bibi aliyashika hayo, akaanza kula tena. Kikao kilipoitishwa, baba angeweza kusema kaka yake alikuwa naye kwenye mazoezi, lakini angekuwa anampokonya mama yake kitu pekee kilichomtia uji mdomoni. Kwa hiyo akameza.

Nikamwambia bibi alishakufa siku nyingi. Sasa unamficha nani? Ndipo akanieleza habari za mtu wa tatu.

Binamu, hapa ndipo nilipokuomba usiruke. Mtu wa tatu ni msichana wa miaka kumi na minne mwenye sare ya shule. Amesimama mbele ya wale ndugu wawili, bendera iko mkono wa kushoto, na mkono wa kulia umenyooka unaonyesha gari kwa kidole. Anacheka amefumba macho. Ni mama yako.

Ni wewe, Shangazi. Walimu waliwatoa darasani mkajaze barabara, ukawaona kaka zako ng'ambo, ukavuka kwenda kusimama nao. Baba aliniambia ni wewe uliyemtambua karani kwanza, ukapiga kelele kwamba mfalme amenenepa, na wote waliokuwa karibu wakaangua kicheko. Kile kicheko kilichomharibia baba maisha kililetwa na wewe. Sisemi kwa ubaya. Kilikuwa kicheko kizuri.

Na kwenye kikao, baba alipoulizwa alikuwa na nani, alikutazama wewe. Ukainama. Alisema alipokuona hivyo, akajua kwamba akikutaja utabanwa na wazee wote wale, na ukweli wako utamwangusha bibi tena. Akaona bora anyamaze, wewe utasema ukikua. Halafu wakakuuliza hivyohivyo, na jibu lako akalisikia kwa masikio yake. Pale kwenye benchi aliniambia maneno machache, na ndiyo wosia pekee alioniachia.

"Mwache," alisema. "Alikuwa mtoto."

Nikakuacha, kwa sababu ndiye aliyetaka. Alipolala kitandani nilikutumia ujumbe kwamba anakuulizia. Sikuandika zaidi ya hapo. Siku zile za mwisho mlango ukigongwa anauliza nani. Ni jirani, baba. Ni muuza maziwa. Ni fundi mwenzako kaja kukuona. Alikuwa anasema aha, anageukia ukuta. Hakukutaja kwa jina, lakini kila mtu mle ndani alijua anamsubiri nani. Tulimzika watu wachache. Wabebaji hawakutosha, ikabidi mume wangu awaombe wapita njia wawili.

Na baada ya hayo yote ukamtuma mwanao kuniomba nimkate.

Kwamba ulikuwa mtoto, nakubali. Kikao kile kilikuwa kizito kuliko umri wako, na ningekuwa mimi huenda ningeinama vilevile. Lakini ulipomzuia getini na jeneza la mama yake hukuwa mtoto, ulikuwa mama wa watoto watatu. Kila ulipoketi na maua mapajani hukuwa mtoto. Jumamosi iliyopita hukuwa mtoto. Na kinachonichoma zaidi ni kwamba ukweli wenyewe haukuwa na aibu yoyote. Ndugu watatu walisimamishwa barabarani kwa nguvu, wakamcheka karani wa kodi aliyejifanya mfalme. Nani angemdharau baba mkubwa kwa hilo? Bibi alipokufa hapakuwa tena na wa kuumia. Ilikuwa sentensi moja tu, Shangazi, na ulikuwa na miaka mingi ya kuisema. Hukuisema kwa sababu kiti cha mbele ni kizuri, na mwenye kukikalia hapendi kuulizwa alikuwa wapi.

Kuhusu ombi lako, nimelitekeleza kwa sehemu. Jumatatu nilikwenda hifadhi ya filamu. Mtunza filamu alinipa pole ya msiba, akaniuliza nataka wakate wapi. Nikamwambia sitaki wakate popote. Nikamwomba aitoe ile sura ya baba peke yake kwenye filamu ya sinema, mahali pake aweke kipande kizima kama kilivyo kwenye kopo, kuanzia garini. Nikampa majina yote matatu, na nani alikuwa nani kwa mwenzake. Aliyaandika, akaniuliza kama nina hakika. Nikamwambia wa kuulizwa yupo hai, na siku ya sherehe atakuwa ukumbini. Wosia wa baba nimeuvunja, na hilo nitalijibu mimi mwenyewe.

Kabla sijaondoka aliniruhusu nikitazame tena peke yangu. Safari hii niliangalia mikono. Umati unasukumana kwa nyuma, na gari liko karibu sana. Baba anatikisa bendera kwa mkono mmoja, na mkono wake wa pili umekushika begani, amekuvuta nyuma kidogo ili usisukumwe barabarani. Hakuachi mpaka kipande kinakwisha. Kwenye kioo kidogo kile ilinibidi niiname ili nione. Skrini ya ukumbini ni kubwa, na wewe utakuwa umekaa mbele. Watu watakugeukia kukuuliza huyo kijana aliyekushika bega ni nani wako.

Wasalimie wajukuu wote, kila mmoja kwa jina lake, na mkwe wako. Dawa ya goti usiiache. Binamu, nakushukuru kwa kusoma mpaka hapa, na najua haikuwa kazi nyepesi. Mungu awape afya njema nyote mpaka siku tutakapoonana ukumbini.

Ni mimi,
Binti wa kaka yako